Pasipouma ndo pa kuogopa: kisa cha mtoto aliyemwagikiwa chai

Mama wa mtoto huyu ameniruhusu nikiandike kisa chake kwa sharti moja, nisitaje jina lake wala la mwanae. Nimekichagua kwa sababu kwenye mwili wa mtoto mmoja kulikuwa na karibu kila aina ya jeraha la moto ambalo watu huwa wananiuliza, lile la juu juu, lile la malengelenge na lile lililozama mpaka chini, na yote yametoka kwenye sufuria moja ya chai, asubuhi moja, ndani ya sekunde zile zile. Mimi ni tabibu, nilikuwa zamu siku hiyo kwenye kituo cha afya walichokimbilia.

Mtoto ni wa kike, mwaka mmoja na miezi minane, kilo 11. Ni Njombe, nyanda za juu kusini mwa Tanzania, mwezi wa saba, na wanaoijua Njombe mwezi wa saba wanaijua baridi yake, asubuhi watu wamejikunyata, jiko la mkaa linasogezwa karibu na mlango ili familia iote huku chai inachemka. (Jiko la mkaa ndani ya nyumba lina hatari yake nyingine kubwa ya hewa yenye sumu, naiacha kwa leo.) Mtoto kavalishwa sweta nzito ya kufumwa yenye mikono mirefu, ile ambayo mwisho wa mkono ina mpira wa kubana, na mkono wa kulia alikuwa na bangili ya shanga. Saa 1 asubuhi hivi shangazi yake kageuka kuchukua vikombe, mtoto kajishika kwenye ukingo wa sufuria ili ajiinue, sufuria ikamfuata. Chai ya maziwa ikapita shavuni na kidevuni kidogo, ikamwagika shingoni, kifuani na mkono wote wa kulia, na matone mengine yakadondokea paja.

Kwa wenyeji wa huko juu, maji yanachemka kabla hayajafika nyuzi 100 kwa sababu ya mwinuko, lakini bado ni zaidi ya nyuzi 90, na mjue kwamba maji ya nyuzi 60 tu yanatosha kuunguza ngozi ya mtu mzima mpaka chini ndani ya sekunde kama 5, yakifika 70 ni sekunde moja hivi. Ngozi ya mtoto ni nyembamba kuliko yetu, kwa hiyo hata hizo sekunde hana.

Shangazi alimnyanyua mtoto papo hapo akamtoa pale, na hilo alilifanya vizuri kabisa. Baada ya hapo yakaanza yale yanayotokea karibu kila nyumba, huyu anasema dawa ya meno, yule anasema yai bichi, bibi kakimbilia unga wa ngano. Dawa ya meno ndo ikawahi, ikapakwa kifuani na shingoni. Sweta wakaiacha mkononi maana waliogopa wakiivua ngozi itatoka nayo. Aliyesaidia sana ni mpangaji mwenzao, mama mmoja alisikia kelele akaingia na ndoo na kopo, akasema jamani mwagieni maji kwanza hayo mengine baadaye, akaanza kummwagia kifuani. Mtoto akaanza kutetemeka. Bibi akaona sasa wanamuua mtoto kwa baridi, wakaacha baada ya dakika chache, wakamfunika kanga na blanketi, wakapanda bajaji.

Nikiliangalia lile tukio, karibu kila mtu pale alikuwa na kitu cha kweli kichwani, ila kilikosa mpangilio. Yule mpangaji alikuwa sahihi kwa asilimia zote kuhusu maji. Bibi alikuwa sahihi kuhusu baridi, mtoto mdogo akimwagiwa maji ya Njombe mwili mzima mwezi wa saba anapoteza joto haraka na hiyo peke yake inaweza kumlegeza. Kinachotakiwa ni vyote viwili kwa pamoja, yaani unapoza jeraha na wakati huo huo unampasha joto mtoto. Maji yanatiririka pale palipoungua tu, kichwani kofia, miguuni blanketi, mtoto kapakatwa, na maji ni ya kawaida ya bomba au ya ndoo yaliyokaa ndani, siyo ya barafu. Barafu inabana mishipa ya damu pale pale ambapo damu inahitajika, jeraha linazidi kuzama.

Muda ni dakika 20. Najua zinaonekana nyingi mtoto akiwa analia hivo mikononi mwako, na wengi wanaishia dakika mbili tatu wakiona kelele zimezidi, lakini ngozi iliyoungua ni kama chungu kilichoepuliwa, moto umeshatoka na ndani bado kunatokota. Na hata ukichelewa, maji bado yana faida ndani ya saa 3 tangu mtu aungue, hili nataka mlishike sana kwa sababu watu wengi wanadhani wakikosa dakika ya kwanza basi imeshapita.

Sababu yenyewe iko hivi. Ukiangalia jeraha la moto, katikati kuna sehemu imeshakufa, hiyo hairudi. Pembeni yake kuna sehemu imeumia, damu inapita kwa shida, haijafa na haijapona. Nje kabisa kuna wekundu tu ambao utaisha wenyewe. Ile sehemu ya pili, iliyoumia na haijafa, ndo inayogombaniwa, ndani ya siku moja mbili itaamua kama inarudi au inakufa na kuliongeza jeraha. Maji ya mwanzo, dripu ya kutosha, joto la mwili, usafi, vyote hivi tunavifanya kwa ajili ya ile sehemu ya pili. Mtu akipaka dawa ya meno au unga wa ngano au yai juu yake anakuwa amefunika joto libaki ndani, kaingiza uchafu, na sisi tukifika hatuoni kitu mpaka tumkwangue mtoto anayeumia. Manyoya ya sungura ni hivo hivo, najua wengi wameyakuta nyumbani kwao na wanayaamini, ila nimeshabandua manyoya yaliyogandia kwenye kidonda chenye usaha chini yake, na sitamani mzazi yeyote aone kile. Asali ndo huwa nabishiwa sana. Ni kweli kuna tafiti zinaonesha asali inasaidia majeraha ya juu juu kupona mapema kidogo, lakini ile ni asali iliyosafishwa kwa kazi ya vidonda, inawekwa na mhudumu baada ya jeraha kupozwa na kusafishwa. Haihusiani na asali ya kwenye chupa ya kabatini kwenye ngozi iliyoungua sasa hivi.

Sasa ile sweta. Hii ndo iliyobadilisha kisa chote. Kifuani chai ilipita ikadondoka, na zile dakika chache za maji zilifika. Mkononi ilinywewa na sufu ya sweta, na pale kwenye ule mpira wa kubana kwenye kifundo cha mkono ikakaa, imebanwa kwenye ngozi, ya moto, na hakuna maji yaliyofika pale. Nguo iliyolowa kitu cha moto inavuliwa mara moja, na vikuku, bangili, pete, shanga vinatoka kabla mkono haujavimba. Ikiwa nguo imegandia ngozini usiivute, ikate kuzunguka hicho kipande uache kilichogandia, mwagia maji juu yake. Na pampasi mara nyingi inasahaulika kabisa, inanyonya maji ya moto na kuyashikilia kwenye mapaja na sehemu za siri za mtoto, itoe hata kama kwa nje unaona kavu.

Walifika saa 2 na nusu. Saa moja na nusu tangu kuungua, maana yake bado tuko ndani ya zile saa 3. Kabla ya jeraha tuliangalia kwanza anapumua vipi, sauti ikoje, ndani ya mdomo kuna kuungua au hakuna, maana chai ilipita karibu na mdomo na koo la mtoto likivimba linaziba haraka. Alikuwa analia kwa sauti safi, mdomo salama. Sweta tukaikata kwa mkasi, bangili tukaikata nayo, vidole vilikuwa vimeanza kuvimba. Alafu tukampeleka kwenye sinki, kofia kichwani, blanketi kwenye miguu na tumbo, shangazi kampakata, tukaanza upya na maji dakika 20 kamili kwenye mkono na kifua, na dawa ya meno ikatoka yenyewe taratibu bila kusugua. Maji tulichanganya kidogo tu ili yasiwe yale ya kuuma meno.

Dawa ya maumivu alipewa mapema, parasetamo miligramu 15 kwa kila kilo, kwake ikawa 165, na mofini ya maji kwa kipimo cha uzito wake. Kuna watu bado wanaona mofini kwa mtoto ni kitu cha kutisha. Mtoto aliyeungua hivi akiachwa na parasetamo peke yake anateseka, na kumpima vizuri huwezi kwa sababu kila ukimsogelea anaruka.

Tuliuliza pia ilikuwaje, na tukamuuliza shangazi peke yake na bibi peke yake. Hili naomba lisichukuliwe kama dharau kwa familia. Kila mtoto aliyeungua tunauliza, kwa sababu wapo wanaounguzwa makusudi, na jeraha lina namna yake ya kujieleza. Kitu kilichomwagika kutoka juu kinaacha alama pana juu na nyembamba chini, mipaka imechongoka chongoka, kuna matone pembeni. Mtoto aliyezamishwa miguu au mikono kwenye maji ya moto anakuwa na mstari umenyooka kuzunguka kama soksi na hakuna matone. Huyu alama zilifuata maelezo yao kabisa.

Baada ya hapo ndo tukamweka mezani tukaanza kusoma kina, sehemu moja moja.

Shavuni na kidevuni palikuwa pakavu, hakuna lengelenge, pana joto na panauma akiguswa. Kwa mtu mweusi usitegemee kuona wekundu kama wa kwenye picha za vitabu, rangi inakuwa imekolea kuliko pembeni, ngozi inang'aa kidogo, ukigusa kuna moto. Hili ni daraja la kwanza, limegusa tabaka la juu tu, linapona ndani ya siku chache kama wiki bila kovu. Kwenye hesabu ya ukubwa wa jeraha halihesabiwi.

Kifuani na shingoni palikuwa na malengelenge, mengine yamepasuka na ngozi ya juu imejikunja pembeni, chini pana rangi ya waridi mbichi, pamelowa. Ukibonyeza kwa kidole kilichovaa glavu panakuwa peupe, ukiachia rangi inarudi haraka. Na kila ukipagusa anapiga kelele. Hili ni daraja la pili la juu. Linatisha kuliko yote kwa macho, linauma kuliko yote, na ndo lenye matumaini makubwa kwa sababu mishipa ya damu na ya fahamu bado iko hai, na vinyweleo vya chini ambako ngozi mpya inaanzia bado vipo.

Mkono wa juu, kati ya bega na kiwiko, palikuwa pamechanganyika, hapa waridi, hapa pamepauka, rangi ukibonyeza inarudi taratibu mno. Hapo tuliandika kwamba hatujui bado, parudiwe kuangaliwa baada ya saa 48 mpaka 72. Majeraha ya maji ya moto yana tabia ya kudanganya siku ya kwanza, tabibu anayekutajia kina chake kwa uhakika wote saa ile ile anabahatisha.

Kigasha, yaani kati ya kiwiko na kifundo cha mkono, hasa pale chini kwenye kifundo cha mkono ulipokuwa mpira wa sweta, palikuwa na rangi nyeupe yenye mabaka mekundu meusi ambayo ukiyabonyeza hayabadiliki. Pakavu. Ngozi imekakamaa kidogo ukipitisha kidole. Nikapagusa na ncha ya pamba, mtoto hakugeuka, aliendelea kumwangalia shangazi yake.

Mama yake alikuwa ameshafika kutoka sokoni, bado kashika kapu. Akasema, "Dokta mimi kifua ndo kinanitisha, ngozi yote imetoka. Mkono naona afadhali, nikimshika wala halii."

Nikamwambia, "Mama, hapo asipolia ndo tunapopaogopa zaidi."

Ilibidi nikae naye chini nimweleze, na nimeshaeleza hivi kwa wazazi wengi kwa sababu akili ya kawaida inasema kinyume. Maumivu ni dalili kwamba mishipa ya fahamu ipo. Jeraha likizama hadi karibu na chini ya ngozi, mishipa ile inaungua nayo, mtoto ananyamaza, mzazi anatulia, familia inaona hapa pamepoa tutapaka mafuta nyumbani. Daraja la pili la chini linakuwa na maumivu kidogo sana au hisia ya kubonyezwa tu. Daraja la tatu halina kabisa, linakuwa jeupe kama nta, au kahawia, au jeusi, gumu kama ngozi ya kiatu, unyweleo ukiuvuta unatoka bila mtu kusikia. Majeraha hayo hayaponi yenyewe vizuri, yanaanza kuziba kutoka pembeni kwa wiki nyingi na yakiziba yanavuta. Kwa hiyo jeraha jeupe lililotulia ni la hospitali, haijalishi ni dogo kiasi gani.

Kwa kuwa lile la kifundo lilizunguka karibu mkono wote, tulikuwa na hofu nyingine. Ngozi iliyoungua kwa kina haitanuki, na mkono unavimba kwa ndani, mwishowe damu haipiti kwenda vidoleni. Tukauinua mkono juu ya mto, na kila nusu saa tukawa tunaangalia vidole, vina joto, ukibonyeza ukucha rangi inarudi ndani ya sekunde 2, anavichezesha. Vilikuwa sawa, ila maelezo hayo yaliandikwa kwenye barua ya rufaa kwa kalamu nyekundu.

Ukubwa. Kwa mtu mzima tunatumia ile kanuni ya tisa, kichwa asilimia 9, kila mkono 9, kila mguu 18, mbele ya kiwiliwili 18, mgongo 18, na 1 sehemu za siri. Kwa mtoto mdogo hiyo haifai ilivyo kwa sababu kichwa chake ni kikubwa, mtoto wa mwaka mmoja kichwa na shingo vinakaribia asilimia 19 na mguu mmoja ni kama 14. Njia ya haraka inayofaa kwa wote ni kiganja cha mgonjwa mwenyewe pamoja na vidole vyake, ni kama asilimia 1. Kiganja cha mgonjwa, siyo chako. Kwa mtoto huyu shingo 1, kifua 4, mkono wa juu 2, kigasha 3, mgongo wa kiganja 1, paja 1, jumla 12. Mtu akijumlisha na yale mashavu na wekundu wa tumboni atafika 15 au zaidi na atampa maji kupita kiasi.

Asilimia 12 kwa mtoto ni kubwa. Zaidi ya 10 mtoto anahitaji dripu, mtu mzima ni zaidi ya 15, kwa sababu mishipa iliyoungua inavuja na maji ya damu yanahamia kwenye uvimbe na kwenye jeraha. Hesabu inayotumika sana ilitoka hospitali ya Parkland kule Dallas, Marekani, kwenye miaka ya 1960, mililita 4 mara kilo mara asilimia, kwa saa 24 za kwanza. Kwake 4 mara 11 mara 12, ni mililita 528. Nusu, yaani 264, inatakiwa iingie ndani ya saa 8 za mwanzo, na hizi saa 8 zinahesabiwa tangu aungue, siyo tangu afike kwako, hapa ndo wengi wanapoteleza. Kaungua saa 1, dripu imeanza saa 3, zimebaki saa 6, kwa hiyo ni mililita 44 kila saa ya Ringer lakteti, dripu ya maji yenye chumvi chumvi. Juu yake mtoto anahitaji maji yake ya kila siku yenye sukari, kwa kilo 11 ni mililita 1,050 kwa siku, nayo inakuja kama 44 kwa saa. Alafu hesabu inabaki kuwa makadirio tu, kinachokuambia ukweli ni mkojo. Mtoto akikojoa mililita 1 kwa kila kilo kwa saa uko vizuri, chini ya hapo ongeza, ukizidi sana punguza.

Mambo mengine yalikwenda haraka. Kadi yake ya kliniki ilikuwa kamili, chanjo zote tatu za penta, ambayo ndani yake ina ya pepopunda, alishapata, kwa hiyo pepopunda haikuwa na haja ya sindano ya ziada. Antibayotiki hatukumpa, jeraha jipya halina maambukizi, na kumpa za kujikinga kunaandaa tu vijidudu sugu. Krimu nyeupe ya silva, ile ya kuua vijidudu kwenye jeraha la moto, hatukupaka, na naomba wenzangu wa vituo vidogo walizingatie hili, mgonjwa unayempa rufaa usimpake krimu kwa sababu inabadilisha rangi ya jeraha na daktari anayempokea hataweza kusoma kina. Malengelenge madogo mazima tuliyaacha, mtu nyumbani asiyatoboe kabisa. Tulifunika kwa ile plastiki nyembamba safi ya kufunikia chakula, tukaitandaza juu ya jeraha bila kuizungusha mkono, inazuia hewa isiguse na maumivu yanapungua palepale. Kama haipo, kitambaa safi cha pamba kinatosha. Juu blanketi, akapakatwa na mama yake, gari ikaondoka.

Kwa nini rufaa na asibaki kwetu? Ni mtoto mwenye zaidi ya asilimia 10, ana jeraha la kina, limegusa mkono na viungo, karibu linazunguka mkono. Kila moja peke yake ingetosha. Uso, mikono, nyayo, sehemu za siri, maungio, umeme, kemikali, moshi kifuani, hayo hayakai kituo cha afya hata kama yanaonekana madogo.

Kule hospitali siku ya tatu waliangalia tena, na sehemu kubwa ya mkono wa juu ikawa imerudi waridi na inauma, mama kanipigia akiwa na furaha kwamba mtoto sasa analia wakimgusa bega, akaniambia nimekuelewa. Kigasha kikabaki vile vile. Usiku huo akapata homa. Homa siku za mwanzo inaweza kuwa mwili tu unapambana na jeraha, lakini kwa mtoto usiichukulie poa, kuna sumu ya bakteria inayoweza kumuangusha mtoto hata mwenye jeraha dogo, na dalili zake ni homa kali, upele, kutapika au kuharisha na kulegea kabisa. Mzazi akiona hayo arudi siku hiyo hiyo, asisubiri kesho. Wao walimchunguza, kidonda kilikuwa safi, homa ikashuka.

Kifua kilifunga ndani ya wiki mbili. Kigasha kilifanyiwa upasuaji wiki ya pili, wakaondoa ngozi iliyokufa, wakachukua ngozi nyembamba pajani wakaipandikiza. Mama aliogopa sana kusikia paja linachunwa, na ni haki yake, ila lile ni jeraha la juu linalopona lenyewe, na kupandikiza mapema ni bora kuliko kusubiri. Jeraha lililochukua zaidi ya wiki 3 kufunga lina hatari kubwa ya kovu nene, na kwa watu wengi wa ngozi yetu kovu linanyanyuka kweli kweli.

Kuna vitu viwili kule wodini vinavyopuuzwa, navyo vilifanya kazi kubwa. Kwanza chakula. Mwili wenye jeraha la moto unakula protini kama hauna akili, mtoto alikuwa ananyonya bado, akaongezewa mayai, maharage yaliyopondwa, uji wenye maziwa, dagaa waliosagwa. Mtoto asiyekula, kidonda chake hakifungi na ngozi iliyopandikizwa inaweza isishike. Pili banzi la plasta, kile kishikilio kigumu, lililonyoosha kifundo cha mkono usiku, na mazoezi mchana, tena yanaanza mapema akiwa amepewa dawa ya maumivu. Mtoto anajikunja kwa sababu kujikunja kunapunguza maumivu, na kovu linakaza pale pale alipojikunja. Nimeona watu wazima ambao kidevu kimeshikana na kifua kwa sababu utotoni waliungua shingo na hakuna aliyewanyoosha.

Sasa hivi yuko nyumbani. Kifuani kuna mabaka ya rangi nyepesi, mama aliuliza kama yatabaki hivo, nikamwambia kwa jeraha la juu rangi hurudi kidogo kidogo kwa miezi, apakwe mafuta mepesi yasiyo na manukato mara kadhaa kwa siku, afunikwe jua lisimpige, na kuwashwa kutakuwepo, amkate kucha. Kwenye kigasha kazi bado ipo. Kovu halikui kwa kasi ya mfupa, mtoto atarefuka na lile kovu litabaki nyuma, linaweza kuuvuta mkono hata miaka kadhaa mbele, na huenda kovu likahitaji kufunguliwa kwa upasuaji. Kwa hiyo mama kila wiki anamwekea kiganja chake juu ya meza, vidole vimenyooka, na kuangalia kama kifundo kinalala. Siku kisipolala anatakiwa arudi kliniki ya upasuaji wiki hiyo hiyo, bila kusubiri tarehe iliyoandikwa kwenye kadi.